Assunta Spina Ilikuwa ya Nani?

Mwaka wa 1982, mwelekezi wa filamu wa Italia kwa jina Gianfranco Mingozzi alimketisha ajuza mmoja mbele ya skrini akamwonyesha filamu ya zamani. Ajuza huyo alikuwa na umri wa miaka 90. Filamu yenyewe ilikuwa ya 1915, haina sauti, haina rangi za kisasa, na msichana aliyekuwa akitembea ndani yake huku akijifunika shali mabegani alikuwa ni yeye mwenyewe. Jina lake Francesca Bertini. Filamu inaitwa *Assunta Spina*.

Angeweza kuitazama, alie kidogo, aseme alikuwa mrembo kweli siku hizo, kisha kila mtu aende zake. Wengi wetu ndivyo tungetarajia. Lakini Bertini alikuwa na jambo lake la kusema, na alikuwa amelishikilia miaka nenda miaka rudi: kwamba katika filamu ile hakuigiza tu. Aliielekeza.

Sasa ukifungua vitabu vya zamani vya historia ya sinema, utakuta *Assunta Spina* imeelekezwa na Gustavo Serena, mwanamume aliyeigiza pia kama mchumba wa Assunta. Jina la Bertini limo, ndiyo, ila kwenye safu ya waigizaji. Basi nani anasema kweli? Na ukishajua, itabadilisha nini, ilhali wote wawili wamekwisha kufa na filamu ina zaidi ya miaka 100?

Mimi naona itabadilisha mengi. Hebu tuanze mwanzo.

Bertini alizaliwa Florence mwaka wa 1892 akipewa jina la Elena. Alikulia Naples, jiji la bandari kule kusini, na huko ndiko alikoingia katika michezo ya jukwaani angali msichana mdogo. Mwaka wa 1909 mshairi wa Naples, Salvatore Di Giacomo, alipeleka jukwaani tamthilia yake *Assunta Spina*, na Bertini akapata sehemu ndogo ndani yake, zile sehemu ambazo hadhira haikumbuki hata jina la mhusika. Weka hilo akilini. Miaka sita kabla ya filamu, msichana huyu alikuwa tayari amesimama pembeni mwa jukwaa akiitazama hadithi hiyo ikichezwa usiku baada ya usiku.

Mwaka huohuo wa 1909, kampuni ya Pathé ya Ufaransa ilianzisha tawi lake mjini Roma, Film d'Arte Italiana. Lengo lilikuwa kuipa sinema heshima. Wakati huo watu wenye vyeo waliiona sinema kuwa mchezo wa mabanda na maonyesho ya barabarani, kwa hivyo kampuni ikachukua hadithi zenye jina kubwa, za Shakespeare na wenzake, ikaajiri waigizaji wa jukwaani. Bertini akawa Cordelia katika *Re Lear* ya 1910. Baadaye akawa Juliet. Hizo zilikuwa filamu fupi. Tamthilia nzima ya Mfalme Lear inakamuliwa hadi inaingia katika dakika chache, na mwigizaji anapaswa kumweleza mtazamaji kila kitu kwa mikono, macho na mabega. Ilikuwa shule ngumu. Ukikosea huna sauti ya kukuokoa.

Alihamia kampuni ya Celio, na huko akafanya jambo lililowashangaza watu: katika *Histoire d'un Pierrot*, iliyotoka mwaka wa 1914, aliigiza Pierrot mwenyewe, yaani mwanamume, uso umepakwa poda nyeupe na mavazi mapana ya mchekeshaji. Filamu nzima inakwenda kwa ishara za mwili. Ukiitazama leo utaona mtu anayejua hasa kila kidole chake kinafanya nini.

Kufikia hapo Italia ilikuwa imeshikwa na homa. Mwaka wa 1913 filamu ya *Ma l'amor mio non muore!* ilimfanya Lyda Borelli, aliyekuwa nyota wa jukwaani, kuwa nyota wa skrini. Wanawake walianza kuiga mikao yake, shingo imepinda nyuma, mkono umelegea, macho nusu yamefungwa. Iliigwa hivi kwamba lugha ya Kiitaliano ikapata kitenzi kutokana na jina lake. Baada yake akaja Pina Menichelli na *Il fuoco*. Na Bertini katikati yao. Hao ndio waliokuja kuitwa *dive*, umoja wake *diva*.

Neno hilo sisi tunalijua vizuri. Tunalisikia redioni kila wiki. Mwimbaji wa kike akichelewa kupanda jukwaani, ni diva. Akidai malipo yake kabla ya kuimba, diva. Akimwambia fundi wa mitambo kwamba kipaza sauti hakifai, ati diva. Kwa asili ni neno la Kilatini lenye maana ya mungu wa kike, na Waitaliano waliwapa kwanza waimbaji wa opera kabla ya kuwavisha waigizaji wa filamu. Lakini tangu zamani lilikuwa na ncha mbili. Upande mmoja linakusujudia. Upande wa pili linakuambia kwamba kila unachodai ni kiburi, si kazi. Mwanamume akisema tukio hili lirudiwe kwa sababu halijakaa sawa, huyo ni msanii makini. Mwanamke akisema vivyo hivyo, ni mtu wa makeke.

Haya, twende kwenye filamu yenyewe.

Mwaka wa 1915 Bertini alikuwa na kampuni ya Caesar Film ya Roma, mali ya wakili Giuseppe Barattolo. Waliamua kuitengeneza *Assunta Spina*, na wakaenda kuipigia picha Naples. Tofauti na Borelli na Menichelli, ambao filamu zao zilijaa vyumba vya matajiri, manyoya na maua ya vyunguni, Bertini hapa ni dobi. Ana chumba cha kufulia na kupigia pasi, ana wasichana wanaomsaidia, ana baba. Mchumba wake, Michele, ana bucha. Michele ana wivu. Kuna kijana mwingine, Raffaele, aliyewahi kumtaka Assunta, naye anamwandikia Michele barua isiyo na jina kumtia sumu.

Siku ya sherehe ya Assunta wanakwenda kula Posillipo, kando ya bahari, ghuba yote ya Naples iko nyuma yao. Michele ananuna. Assunta, kwa hasira, anacheza na Raffaele. Jioni hiyo Michele anamsubiri na kumchanja uso kwa kisu. Naples ya wakati ule ilikuwa na desturi hiyo, mwanamume kumtia mwanamke alama usoni ili kila atakayemwona ajue kwamba ameshutumiwa. Kovu lilikuwa hukumu bila hakimu.

Mahakamani, Assunta anafanya kitu kinachomwuma mtazamaji hadi leo. Anadanganya ili kumwokoa Michele. Anasema siye aliyemkata. Haisaidii, Michele anafungwa. Hapo kwenye korido za mahakama, zenye msongamano wa mawakili, askari na jamaa wa washtakiwa, anajitokeza karani mmoja, Federigo. Anaweza kufanya mpango Michele abaki gereza la Naples asipelekwe mbali, ili Assunta apate kumtembelea. Bei yake Assunta mwenyewe. Anakubali. Kisha, kwa namna ambayo filamu haimlaumu wala haimtetei, anampenda yule karani, na karani anamchoka.

Michele anaachiliwa mapema kuliko ilivyotarajiwa, mkesha wa Krismasi. Assunta anamwambia ukweli. Michele anamwua Federigo, anatoroka. Askari wanapofika, Assunta yupo pale na maiti, anasema ni yeye aliyeua. Wanamchukua. Mwisho.

Mara ya kwanza niliitazama kwenye simu, nikiwa nimezima hata ule muziki uliowekwa baadaye. Nilitarajia kuona watu wakirusha mikono huku wakizungusha macho. Kumbe sivyo. Kamera inasimama mbali kidogo na inatulia. Watu wa mtaani wanapita na shughuli zao. Kwenye chumba cha kufulia wasichana wanafanya kazi kweli, hawasimami tu wakimwangalia nyota. Assunta anapokuwa na hofu anajivuta ndani ya shali, akipata ujasiri shali inateleza, akishindwa anaiburuta. Unaweza kufuata hadithi nzima kwa kuitazama shali peke yake. Huo si uigizaji wa mtu aliyeambiwa simama hapa, lia pale. Kuna mtu aliyeufikiria mtaa mzima, na aliyejua dobi wa Naples anashikaje pasi na anafungaje mlango.

Mtu huyo alikuwa nani? Serena alikuwa mwigizaji mzoefu na mwelekezi mwenye filamu nyingine nyingi, si mtu wa kupuuzwa. Na Bertini, tuseme ukweli, alikuwa shahidi mwenye mapenzi na simulizi yake mwenyewe. Mwaka wa 1969 alichapisha kitabu cha maisha yake, *Il resto non conta*, yaani mengine hayana maana, na mtu anayeipa hadithi ya maisha yake jina kama hilo hakusudii kujipunguza. Alijua kuipamba habari. Kwa hiyo ukiwa mwanahistoria mwangalifu una haki ya kusema: bibi huyu anajitetea, tumsikilize kwa kiasi.

Lakini kuna shahidi wa pili, naye ni Serena.

Miaka mingi baadaye Serena alipoulizwa kuhusu filamu hiyo, hakupigania jina lake. Alieleza kwamba Bertini alikuwa na hamu kubwa mno na mhusika yule hata hakuna aliyeweza kumzuia. Mawazo yalimtoka kama lava. Ndiye aliyepanga, aliyeamuru, aliyewasogeza watu wa kujaza umati, aliyesema kamera ikae wapi na itazame kwa pembe gani. Na tukio lisipomridhisha alitaka lirudiwe hadi liwe anavyotaka. Na yote hayo aliyasema kwa Kinapoli, lugha ya watu wale wa mitaani waliokuwa mbele ya kamera. Filamu haina sauti, lakini ilitengenezwa kwa Kinapoli.

Hapa ndipo mimi huacha kusitasita. Katika kesi yoyote, ushahidi wenye uzito mkubwa ni wa mtu anayesema jambo linalompunguzia yeye mwenyewe. Bertini akisema aliielekeza filamu, anapata. Serena akisema hivyo, anapoteza. Naye alisema. Ukiondoa neno diva, ukayapanga yale aliyoyataja moja baada ya jingine, kuwapanga watu, kuchagua mahali pa kamera, kuamua tukio lipi limefaa na lipi lirudiwe, utakuwa umeandika orodha ya kazi za mwelekezi. Shida ni kwamba mwanamke alipozifanya ziliitwa msisimko. Ziliitwa tabia.

Mtu atasema, lakini sinema ni kazi ya wengi, kwa nini tugombanie jina moja? Sawa kabisa. Kulikuwa na mpiga picha, Alberto Carta, aliyeukamata mwanga ule wa Naples. Kulikuwa na hadithi ya Di Giacomo. Kulikuwa na Serena mwenyewe, ambaye Michele wake ana wivu unaotisha kwa sababu ni wa kawaida. Mimi sitaki kumfuta. Ninachosema ni kwamba ubishi wa aina hii, ule wa kusema kazi ilikuwa ya wote, huanza tu mwanamke anapodai sehemu yake. Kabla ya hapo, kazi ya wote ilikuwa na jina la mtu mmoja na hakuna aliyelalamika.

Wala Bertini hakuwa peke yake. Katika jiji hilohilo la Naples, miaka hiyohiyo, Elvira Notari alikuwa akiendesha kampuni ya familia, Dora Film. Aliandika na kuelekeza takriban filamu ndefu 60, nyingi zikipigwa mitaani na watu wa kawaida, mumewe Nicola akishika kamera. Kwa miongo mingi baada ya hapo sifa nyingi zikamwendea mume. Ilibidi watafiti wa kike, miaka ya 1980 na 1990, warudi kwenye nyaraka na kumrudisha Elvira mahali pake. Filamu zake chache tu ndizo zimebaki.

Baada ya *Assunta Spina* Bertini alipanda hadi juu kabisa. *La signora delle camelie*, *Odette*, *Fedora*, *Tosca*. Wanawake wanaopenda na kuangamia mmoja baada ya mwingine, na kumbi zinajaa. Nguvu yake ilikuwa kubwa hata akaweza kujichekea. Katika *Mariute* ya 1918, filamu ya kuwaunga mkono wanajeshi wa Italia vitani, anaigiza kwanza nafsi yake: Bertini nyota, anayeamka akichelewa huku studio nzima ikimngoja. Kisha anaota ndoto kwamba yeye ni Mariute, mwanamke maskini wa kaskazini mashariki, eneo lililovamiwa na majeshi ya Austria, anayenajisiwa na askari. Filamu moja, wanawake wawili: yule ambaye magazeti yalimtaka awe, na yule aliyetaka kuigiza. Naona ni kama alikuwa akituonyesha kwamba alijua kabisa watu wanamsema vipi.

Halafu mambo yakaharibika. Vita vilipokwisha, masoko ya nje yalikuwa yameshakwenda kwa Wamarekani. Mwaka wa 1919 kampuni kubwa za Italia ziliungana kuwa Unione Cinematografica Italiana, kwa matumaini ya kushindana. Lakini muungano ulitegemea mikopo, na Desemba 1921 benki iliyokuwa nyuma yake, Banca Italiana di Sconto, ilianguka. Utengenezaji wa filamu Italia ukadidimia hadi karibu kufa.

Na lawama alitupiwa nani? Ilisemwa, na ikaandikwa vitabuni, kwamba dive waliimaliza sinema kwa mishahara yao na madai yao. Ni kweli walilipwa pesa nyingi; Bertini hasa. Lakini mishahara ile ililipwa na watu waliojua wanapata nini kutoka kwa sura zile, na hakuna mwigizaji aliyeiangusha benki. Mti ukianguka, wa kwanza kulaumiwa huwa ni ndege aliyekuwa juu.

Mwaka wa 1921 Bertini aliolewa na mwenye benki kutoka Uswisi, Paul Cartier. Kampuni ya Fox ilikuwa imemwita Marekani, hakwenda. Alirudi kwenye filamu mara kadhaa, kule Ufaransa, hata alipata kuigiza filamu za sauti mwanzoni mwa miaka ya 1930. Lakini enzi yake ilikuwa imepita. Mwaka wa 1976, akiwa na umri wa miaka 84, Bernardo Bertolucci alimweka katika *Novecento* kama mtawa. Ukipepesa macho utamkosa.

Katikati ya hapo filamu zake zilikuwa zikifa. Hili msomaji wa leo aliyezoea kwamba kila kitu kipo intaneti hulisahau. Filamu za wakati ule zilikuwa za nitrati, kitu kinachowaka kama petroli na kuoza chenyewe kikiachwa mahali penye joto. Nyingine ziliyeyushwa kwa makusudi ili kutoa fedha iliyomo, madini yale, kwa sababu hadithi zake zilionekana zimepitwa na wakati. Kwa hiyo mwanamke aliyesema *niliifanya mimi* alikuwa akidai kitu ambacho ushahidi wake ulikuwa ukioza maghalani. *Assunta Spina* ina bahati. Ilinusurika, wahifadhi wa Cineteca di Bologna wakaikarabati, na siku hizi ukikutana na filamu hiyo kwenye orodha zao utakuta majina mawili kwenye nafasi ya mwelekezi: Gustavo Serena na Francesca Bertini.

Bertini alifariki Roma mwezi Oktoba 1985. Miaka mitatu tu baada ya kuketi mbele ya ile skrini.

Nimerudi kuutazama mwisho wa filamu mara nyingi. Askari wameingia, maiti iko chini, Michele ameshakimbia. Hakuna aliyemlazimisha Assunta kusema. Angeweza kumtaja mwuaji na kwenda zake na kovu lake. Badala yake anajitwisha kitendo cha mwanamume, na askari wanamwamini papo hapo, bila swali. Mwanamke akisema kosa ni langu, hatuhitaji ushahidi. Aliyeigiza tukio hilo alikuja kusema maisha yake yote kwamba kazi ile ilikuwa yake, na hapo ndipo watu walipoanza kuuliza: una uhakika, mama?